Kinyozi Aliyekataa Kuliza Shingo

Siku hizi ukitaka kunyolewa hapa mjini kwetu Cicalengka unaingia kwenye chumba cha vioo chenye ubaridi wa mashine na muziki wa kupasua masikio. Kijana anakuuliza unataka mtindo upi, kana kwamba umekuja kununua viatu. Anapitisha mashine kisogoni mara tano, anakupulizia manukato, anasema tayari. Shingo haigusi. Nadhani hata hajui kwamba kichwa kimeshikiliwa na kitu. Nimeingia humo mara mbili tu, na mara ya pili ni kwa sababu mwanangu alinishika mkono. Nilitoka nikiwa nimefyekwa kama nyasi za uwanja wa mpira.

Mang Adung, kinyozi wangu wa zamani, asingekubali niondoke kitini hivyo; Mang kwetu ni kama kusema mjomba.

Nilikaa naye ukuta mmoja miaka ishirini na miwili. Ulikuwa ukuta wa kiwanda cha barafu, upande wa barabara ya stesheni. Yeye alikuwa na kiti, kioo kilichotundikwa kwenye msumari, turubai juu na benchi la wanaosubiri. Mimi nilikuwa hatua nne kutoka kwake na kisanduku changu cha kushonea viatu na miavuli. Ukuta ulikuwa unatoka jasho mwaka mzima, na mchana wa jua kali watu walikuja kuuegemea bila shida yoyote ya viatu wala nywele. Siku hizi hapo wanauza simu.

Alizaliwa Banyuresmi, kule Garut, mahali ambapo mtoto wa kiume hupewa mkasi mapema kuliko jembe. Shamba la mpunga la babu yake liligawanywa kwa ndugu saba, na fungu la baba yake ungeweza kulivuka kwa pumzi moja. Alipofika miaka kumi na saba akapelekwa Bandung kwa ami yake, Aki Sapri, aliyekuwa na viti vitatu na wanafunzi wengi. Mwaka wa kwanza hakunyoa hata unywele mmoja. Aki Sapri alimpa taulo la moto awapanguse wateja shingo, kisha aseme, kabla mteja hajafungua kinywa, panauma upande gani. Akikosea, jioni anafua taulo zote peke yake.

"Nilifua mwaka mzima na nusu," aliniambia. "Baada ya hapo nikawa sikosei. Sikuwa na akili nyingi, Mang Ihin. Nilichoka kufua."

Basi huyo ndiye mtu aliyekuwa akinyoa pale ukutani. Akimaliza nywele alipitisha vidole gumba viwili chini ya fuvu lako, akateremka pingili moja moja mpaka katikati ya mabega. Alimjua mtu anayelala kifudifudi. Alimjua fundi cherehani. Alimjua aliyegombana na mkewe asubuhi ile, maana mabega ya mtu huyo huwa yamepanda masikioni. Walikuja watu wenye maumivu nyuma ya jicho moja, miezi wanakunywa vidonge vya kichwa, yeye akabonyeza mahali padogo shingoni wakapiga kelele, "Hapo hapo! Jicho liko hapo!" Walikuja wenye ganzi ya vidole viwili vya mwisho, na wenye kizunguzungu kila wakiinuka. Baadaye nilinunua kitabu cha afya kisicho na jalada, kilichouzwa kwa kilo pamoja na magazeti, nikakuta karibu yote hayo yameandikwa mle. Adung hakuwa amesoma kitabu chochote.

Mwisho wa yote ilikuwa kuliza shingo. Mkono mmoja kidevuni, mwingine nyuma ya kichwa, anakigeuza polepole na kungoja. Kungoja ndiyo kazi yenyewe. Alingoja mpaka uzito wote wa kichwa umkae kiganjani, halafu mzunguko mdogo wa ghafla, na shingo inalia ko! Kisha upande wa pili, ko! Benchi zima likaitikia, "Haaa!" Kunyolewa bila shingo kulia, kwetu wakati ule, kulihesabiwa ni kunyolewa nusu.

Wateja wake wakubwa walikuwa mahamali wa kiwanda. Pande moja la barafu lilikuwa kilo hamsini. Walilifunika gunia wakalibeba begani, bega la kulia, kichwa kimesukumwa kushoto ili kulipisha. Fanya hivyo miaka kumi, kichwa kinabaki hukohuko. Ulipowaona wakitoka kazini walikuwa kama watu wanaosikiliza siri inayosemwa na bega lao la kushoto. Sasa kila nyumba ina friji, na hakuna anayekumbuka kwamba barafu ilikuwa na mtu chini yake.

Mkuu wa kikosi chao aliitwa Engkos. Alianza kubeba akiwa na miaka kumi na sita, na mwaka huo ninaousimulia, wa elfu moja mia tisa themanini na nne, alikuwa amefika arobaini na moja. Alikuwa na shingo kama ya fahali. Yeye peke yake pale kiwandani alikuwa akibeba mapande mawili mara moja, na ndiyo maana wenzake walimtii.

Kwa wiki nane alikuwa akilalamika kwamba shingo imekaza. Kila mtu alimwambia kitu kimoja, kwamba amekosea mto. Kwetu shingo ikikaza kosa ni la mto. Mto hutolewa nje, huanikwa juani na kupigwa kwa fimbo mpaka umejirekebisha. Mkewe, Iyar, ambaye sote tulimwita Ceu, yaani dada, alikuwa ameshapiga mito mitatu, na mmoja ulipasuka sufi ikajaa uani.

Siku ya Alhamisi, wiki moja kabla ya mfungo, benchi lilikuwa limejaa, maana hakuna aliyetaka kuingia mwezi ule na nywele ndefu. Engkos akaketi kitini.

"Mang, leo ilize shingo hii kwa nguvu zote," alisema. "Sigeuki. Mtu akiniita lazima nigeuke mwili mzima kama lori."

"Bora lori, Kang," akadakia Dasep, hamali mwembamba mwenye mdomo, akimwita kaka kwa lugha yetu. "Lori lina vioo vya pembeni."

"Wewe nyamaza, zamu yako ya mto inakuja."

Adung akamfunga shuka, akaanza. Alinyoa upande wote wa kulia, akahamia nyuma. Ili kusafisha kisogo akaweka kiganja juu ya kichwa cha Engkos na kukiinamisha mbele, kama anavyofanya kila kinyozi duniani.

Miguu yote miwili ya Engkos ikaruka. Ndala moja ilifika kwenye kisanduku changu.

"Mang! Umenichoma na nini?"

Adung alimwonyesha mikono. "Mkasi uko mfukoni."

"Umeme! Umetoka hapa shingoni, umeshuka mgongo wote mpaka kwenye vidole vya miguu."

"Ni mara ya kwanza?"

"Aa, hata nikiinama kunawa uso hunipiga. Ni huo mto tu."

Adung akakiinamisha tena, taratibu mno safari hii, huku anatazama miguu badala ya kichwa. Miguu ikaruka tena. Akaacha. Akavuta pindo la shati la Engkos chini ya shuka.

"Hebu funga kifungo hiki."

"Nimekuja kunyolewa au kuvalishwa?"

"Funga tu."

Engkos alikishika kifungo. Vidole vile vinene vilikuwa vinakizunguka kama vinatafuta kitu gizani. Benchi likaanza kuhesabu, moja, mbili, tatu. Walipofika kumi na nne wakachoka. Kifungo kilikuwa bado wazi.

"Nyumbani nani anakufungia?" Adung aliuliza.

Engkos alitazama kioo. "Iyar."

Benchi lililipuka. "Bwana harusi huyo!" "Na kulishwa analishwa?" Dasep alicheka mpaka akakohoa. Adung hakucheka.

"Simama. Tembea mpaka kwa Mang Ihin, kisigino kiguse kidole cha mguu wa nyuma."

Ni hatua nne. Alizitembea kama mtu anayekanyaga godoro, na ya nne aliimalizia kwa kushika kisanduku changu ili asianguke. Nilimwona usoni. Alikuwa ameogopa, na alikuwa anaogopa zaidi kwamba wenzake wataona.

"Barafu unaangusha?" Adung akauliza.

"Mara mbili tu."

"Mara tano, Kang," Dasep alisema, na hapo hakuwa anacheka.

Adung akakunja mkono wa shati, kisha akaukunjua. "Shingo yako siilizi," alisema. "Leo silizi, kesho silizi. Nenda hospitali Bandung."

Sijui kama mtu wa leo anaweza kuelewa lilikuwa neno la namna gani. Wale watu walikuja kwa ajili ya mlio ule. Benchi likaanza kunung'unika. Mmoja akasema mkono wa Adung umezeeka. Mwingine akasema twende kwa Uju sokoni, huyo akiliza shingo kuku wanatimka.

"Mang," Engkos alisema kwa sauti ya chini, "wiki ijayo mfungo unaanza. Barafu itatoka mara tatu ya kawaida. Nikilala hospitali kikosi kinachukuliwa, na kikichukuliwa hakirudi. Nina watoto wanne. Nirudishie shingo yangu nibebe mwezi huu. Sikukuu ikipita, naapa, nitakwenda."

"Siilizi."

"Basi Uju atanilizia."

Adung akamfungua shuka, akalikung'uta, akalikunja. Ndipo Engkos alipojitazama vizuri. Upande wa kulia ulikuwa umenyolewa safi mpaka sikioni. Wa kushoto ulikuwa kichaka.

"Na kichwa changu?"

"Nitakimaliza ukirudi kutoka hospitali."

"Una wazimu!"

"Yawezekana. Kaa salama, Kang."

Hapa lazima niseme jambo moja. Waliofunzwa na Aki Sapri walikuwa na mwiko wao. Kichwa kilichoanzwa na mwenzako hukimalizi. Ukiletewa kichwa cha nusu unakirudisha kwa aliyekianza, maana ana sababu yake, na sababu hiyo wewe huijui. Miaka hiyo Cicalengka ilikuwa na vinyozi wanne wa barabarani, na wote wanne walikuwa wamefua taulo za Aki Sapri. Uju wa sokoni alikuwa mmoja wao. Adung alilijua hilo. Engkos hakulijua.

Yaliyotokea sokoni nilisimuliwa na Uju mwenyewe, mtu wa mikono mizito aliyependa kelele. Engkos alifika amejifunga saruni kichwani. Akaifungua.

"Nani kaanza hiki?" Uju aliuliza.

"Adung."

"Kaacha kwa nini?"

"Mkasi umevunjika."

"Mkasi wa Adung? Tusidanganyane, Kang. Ule mkasi utatuzika sote."

"Basi usininyoe. Acha nywele zilivyo. Nilizie shingo tu, niende zangu."

Uju aliniambia kwamba hilo lilimchanganya. Nywele za mwenzako huzigusi, sawa, lakini shingo? Hakuna aliyewahi kumuuliza. Alikuwa ameshaweka kiganja kidevuni, na mkono wa pili uko nyuma ya kichwa, na watu wa sokoni wameshaanza kusogea wasikie mlio. Akafikiri. Kuliza ndiyo sehemu ya mwisho ya kunyoa. Kama Adung hajamaliza kunyoa, basi na shingo bado ni ya Adung. Akaondoa mikono yake.

"Nilikuwa nimeshakishika kidevu, Mang Ihin," aliniambia, na kila aliponisimulia alikitazama kiganja chake. "Nimeshakishika."

Asubuhi ya pili Ceu Iyar alitokea ukutani kwetu. Hakuwa amekuja kusalimia.

"Wewe Adung! Mume wangu umemfanya nini? Amelala na saruni kichwani, watoto wanamcheka, kazini wanamwita Nusu! Ulikuwa umelewa?"

"Keti, Ceu."

"Siketi! Mmalizie kichwa chake!"

"Vifungo unamfungia tangu lini?"

Alitaka kujibu kwa hasira, akakosa hasira. "Miezi miwili. Karibu mitatu."

Adung akamweleza, akiwa amesimama na mkasi mkononi, jambo ambalo mimi mwenyewe sikuwahi kulisikia. Zamani kule Bandung alikuja fundi matofali kwa Aki Sapri. Naye alirusha miguu alipoinamishwa kichwa. Aki Sapri alidhani ni kutekenywa. Akailiza shingo, ikalia vizuri, na fundi yule hakuinuka kitini. Walimbeba kwa ubao wa mlango. Aliishi miaka minne akiwa amelala, na kila mwezi Aki Sapri alimpelekea mchele na kumpangusa shingo kwa taulo la moto, mpaka alipokufa.

Ceu Iyar akaketi kwenye benchi. Halafu alisema kwa sauti ndogo, ingawa mimi nilisikia, maana hatua nne si mbali, "Siku hizi mkojo unamtoka kabla hajafika chooni. Ameniambia nisimwambie mtu."

"Usingoje Jumatatu," Adung alisema.

Ceu Iyar aliondoka na mumewe kesho yake kwa treni ya asubuhi. Wanasema Engkos aligoma mpaka stesheni, naye akamwambia mbele ya watu kwamba asipopanda atamvua ile saruni ya kichwani. Akapanda.

Hospitali walimpiga picha. Pingili za shingo zilikuwa zimeota miiba ya mfupa kwa ule mzigo wa miaka ishirini na mitano, na kati ya pingili ya tano na ya sita ile nyama ngumu ya katikati ilikuwa imesukumwa nyuma, ikaubana ugwe wa uti wa mgongo ukawa bapa kama utambi. Daktari alisema shingo ile ingezungushwa mara moja tu kwa nguvu, mtu asingetembea tena, na labda asingepumua. Akaongeza kwamba watu wa huko kwenu mwambieni kinyozi wenu akae na nywele zake, aache shingo za watu.

"Kinyozi ndiye aliyetuleta," Ceu Iyar alisema.

Daktari alikuwa anaandika, hakuinua kichwa. Mpaka leo sijui kama alisikia.

Walimpasua. Walimnyoa kichwa chote kwanza, kwa hiyo ile nusu ikaisha hivyo, bila Adung. Alilala wiki tisa na mhimili wa plasta shingoni. Miguu ilirudi. Mkojo ulirudi. Vidole vilirudi kiasi, aliweza kifungo kikubwa lakini si kidogo. Kubeba alikatazwa milele. Kikosi kilichukuliwa na Dasep kabla ya siku ya kumi ya mfungo.

Ungedhani watu walimshukuru Adung. Mahamali walihamia kwa Uju, wote, kana kwamba wamekubaliana. Walisema Engkos aliketi kile kiti akiwa mkuu wa kikosi, akainuka akiwa mgonjwa. Uju aliwaambia ukweli mara moja, wakamcheka, naye akaona hakuna sababu ya kufukuza wateja. Mwezi mzima wa mfungo benchi letu lilikaliwa na paka. Nilimwambia Adung aseme, awaeleze, hata kwa maneno makali.

"Niwaeleze nini? Kwamba niliogopa? Niliogopa kweli," alisema. Akaendelea kunoa wembe ambao haukuwa na ndevu za kunyoa.

Engkos mwenyewe ndiye aliyeniuma zaidi. Kwa zaidi ya mwaka alipita ng'ambo ya barabara. Alikuwa anauza sigara moja moja na karanga mbele ya stesheni, ameketi wima kama mtu anayepigwa picha. Mara mbili nilivuka nikamtengenezea ndala zake hukohuko, na mara zote mbili aliupa mgongo ukuta wetu alipokuwa anangoja, ili asikione kile kiti.

Kisha, wiki moja baada ya sikukuu ya kuchinja ya mwaka uliofuata, alivuka barabara. Aliketi. Nywele zilikuwa zimemfunika kola, kwa hiyo nilijua kwamba alikuwa amezunguka kwa wengine na hakuna aliyethubutu kumgusa, au yeye hakuthubutu kuguswa. Adung akamfunga shuka kana kwamba alikuwapo jana.

Alinyoa kulia. Alinyoa kushoto. Akafika kisogoni, na hapo ikawa shida. Shingo ile ilikuwa imefungwa kwa mfupa na wale madaktari, haiinami hata kidogo, na huwezi kusafisha kisogo kilichosimama wima ukiwa umesimama juu yake. Huoni. Wembe unakwenda ovyo.

Wakati ule Adung alikuwa na miaka hamsini na minane. Alikuwa ameinamia vichwa vya watu kwa miaka arobaini na mmoja, na uti wake wenyewe ulikuwa umepinda kulia kama mpini wa mundu. Asubuhi mkewe alimsaidia kuvaa suruali. Mkono wa mkasi ulikuwa haupandi tena juu ya sikio. Hayo alinikataza kuyasema mbele ya wateja.

Akaweka kiganja kwenye mgongo wa kiti, akashuka kwa goti moja, kisha la pili, juu ya saruji iliyokuwa na unyevu wa ukuta. Macho yake yakawa sawasawa na kisogo.

"Unafanya nini huko chini, Mang?" Engkos aliuliza. Hakuweza kugeuka aone.

"Nanyoa. Tazama mbele."

"Na mgongo wako huo?"

"Wangu bado unainama. Wako ndio umegoma."

Wembe ulikuwa unasikika. Baadaye Engkos akasema, "Nilikutukana sana, Mang. Nyumbani. Kila siku."

"Iyar aliniambia."

"Aliyasema yote?"

"Lile la mama yangu aliliruka."

Niliinama kwenye kiatu nilichokuwa nashona, nikajifanya natafuta uzi.

Alipomaliza alimpangusa shingo kwa taulo la moto, polepole, bila kubonyeza popote. Kisha akataka kuinuka, akashindwa. Alijaribu kwa kushika mguu wa kiti, akabaki palepale, anapumua. Hakuita mtu. Engkos alishuka kitini mwili mzima kwa pamoja, shingo wima, shuka bado limemning'inia, akamshika mkono wa kushoto. Mimi nikamshika wa kulia.

Alimnyoa hivyo kila mwezi kwa miaka tisa, mpaka kiwanda kilipofungwa na ukuta ukavunjwa. Na kila mwezi, akimaliza, tulimwinua hivyo hivyo, Engkos upande huu na mimi upande ule.